UZI: Kunguru wa Dar alianzia kisiwani. Viumbe wageni wanavyomaliza wanyama wa visiwa

Mwambao Huru (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za muda huu.

Wiki hii humu ndani watu wamelalamika sana kuhusu kunguru: anabeba vifaranga, anachafua magari, alfajiri hakuna anayelala. Wengi walimalizia kwa kusema tatizo ni taka. Taka zinamnenepesha, sibishi. Ila swali ambalo hakuna aliyeuliza ni huyu ndege alifikaje hapa, maana jibu lake linafungua mambo makubwa kuliko vifaranga vya Mbagala.

Kunguru huyu mwenye shingo ya kijivu kwao ni India na nchi jirani zake. Miaka ya 1890 watawala wa Kiingereza walimleta Unguja kwa kazi moja, ale taka za mji. Akala taka. Akala na mayai ya ndege wengine, makinda, mijusi, na kila kilichoachwa bila mwenyewe. Kufika 1947 alishaonekana Mombasa, na leo pwani yote ni yake. Kunguru wetu wa asili, yule mwenye kifua cheupe, katikati ya Dar ukimwona unamwonyesha mwenzako.

Sasa sisi tuko bara, ndege wetu wana pa kukimbilia. Kisiwani hakuna pa kukimbilia, na huko ndiko mambo yalikoharibika kweli kweli.

Visiwa vingi vilivyo mbali na bara havikuwahi kuwa na paka, panya wala nguruwe. Ndege wa huko waliishi maelfu ya miaka bila kukutana na mnyama anayenusa kiota usiku. Wakazoea kutaga chini. Wengine waliacha kuruka kabisa, kwa sababu kuruka kunakula nguvu nyingi na hakukuwa na cha kukimbia. Ndege wa namna hiyo akimwona panya kwa mara ya kwanza hana habari kwamba huyu ni adui. Anakaa pale pale kwenye yai lake.

Mfano ambao kila mtu anaujua ni dodo wa Mauritius. Waholanzi walitia nanga 1598, na karne haikuisha dodo akawa hayupo. Tunapenda kusimulia mabaharia wenye marungu. Lakini meli zile zilishusha pia panya, nguruwe na nyani wa Asia, nao walikuwa wanapita kwenye viota kila siku, hata siku ambazo hakuna baharia aliyekuwa na njaa.

Au kisiwa kidogo cha Stephens huko New Zealand. Mwaka 1894 ulijengwa mnara wa taa, watu wa mnara wakaja na paka, na ndege mmoja mdogo asiyeruka ambaye kwa wakati huo alikuwa amebaki hapo tu duniani akamalizika katika miaka michache. Hadithi maarufu inasema paka mmoja ndiye aliyemaliza ndege wote. Tamu kusikiliza, ila paka walizaliana kisiwani wakawa kundi.

Kisiwa cha Guam, kule Pasifiki, ndicho kinachonitisha zaidi. Baada ya Vita ya Pili ya Dunia nyoka mmoja wa mitini, wa rangi ya kahawia, alifika kule, inaaminika ndani ya mizigo ya jeshi la Marekani. Kwa miaka mingi hakuna aliyeelewa kwa nini msitu unazidi kuwa kimya. Wanasayansi walitafuta ugonjwa, walitafuta sumu za kilimo. Mwisho, mwanzoni mwa miaka ya 1980, mwanasayansi Julie Savidge akaonyesha kuwa ni nyoka. Sehemu kubwa ya ndege wa asili wa msitu wa Guam ilishaliwa. Ndege wakapungua, buibui wakaongezeka, na miti ikakosa wa kusambaza mbegu zake. Nyoka huyo pia anapanda kwenye nyaya na kukata umeme wa kisiwa kizima, kwa hiyo wenzetu wa kule wanajua giza kama sisi tunavyolijua, ila wao wana nyoka wa kumsingizia.

Ripoti ya jopo la kimataifa la bioanuwai, IPBES, iliyotoka 2023 inasema viumbe vamizi, yaani wageni wanaosambaa na kuharibu, vimechangia asilimia 60 ya kutoweka kwa mimea na wanyama kunakojulikana. Hasara ya fedha kwa mwaka 2019 pekee ilizidi dola bilioni 423. Na pale ambapo kiumbe vamizi ndiye sababu kuu ya kutoweka, asilimia 90 ya visa vimetokea visiwani.

Nina mengine nitayaweka hapo chini. Karibuni.

---

Kibopa wa Tandale

Mkuu nimesoma mpaka mwisho, jambo ambalo humu silifanyi. Swali langu dogo: hao wa Guam wamefanyaje na nyoka? Au ndio wamekubali yaishe?

---

Mwambao Huru

Hawajakubali, na njia waliyojaribu ni ya ajabu. Waligundua kuwa paracetamol, hii hii tunayomeza kichwa kikiuma, inaua nyoka yule kwa kipimo kidogo tu, miligramu 80. Basi 2013 wakachukua panya waliokufa, wakaweka kidonge ndani, wakawafunga kikaratasi na kuwadondosha kwa helikopta wanase matawini, maana nyoka anakula juu ya miti. Walidondosha kama 2,000. Inafanya kazi kwenye eneo dogo. Kumaliza nyoka kisiwa kizima bado ni ndoto.

Kuna mdiria wa Guam ambaye wenyewe wanamwita sihek. Wa mwisho walikamatwa wakawekwa kwenye bustani za wanyama huko Marekani kabla nyoka hajawafikia, na kwa zaidi ya miaka 30 hakuna sihek aliyeishi porini popote. Mwaka 2024 walifunguliwa 9. Guam hawakurudishwa, nyoka bado yupo. Wamepelekwa kisiwa cha Palmyra, ambako panya walishamalizwa kwanza.

---

Mzawa wa Sengerema

Mimi nina hoja ya kupinga kidogo. Nimezaliwa kanda ya ziwa, nyumba ya mzee imejengwa kwa sangara. Sangara naye ni mgeni, aliletwa na wakoloni miaka ya 1950 na 60. Kwa hiyo mnataka kusema bora asingekuja? Viwanda vya minofu Mwanza vingekuwepo? Watu wa uhifadhi huwa mnaongea kama vile binadamu hayumo kwenye hesabu.

---

Mwambao Huru

Hoja nzito na sitaikwepa. Sangara alileta pesa, hilo halina ubishi. Lakini weka na upande wa pili. Ziwa Victoria lilikuwa na mamia ya aina za furu, samaki wadogo ambao wengi wao hawapo popote pengine duniani. Ziwa kwa samaki ni sawa na kisiwa kwa ndege, hana pa kutokea. Sangara alipoongezeka miaka ya 1980 furu wakaporomoka, na makadirio ya wataalamu ni kwamba aina kama 200 huenda zimekwisha. Dagaa walistahimili, wakabaki.

Halafu jiulize nani alipata nini. Furu alivuliwa na mtu mwenye mtumbwi na wavu mdogo, akaanikwa juani, akaliwa nyumbani. Sangara ana mafuta mengi, kumkausha kwa jua haiwezekani, anataka moshi au barafu. Moshi ni kuni, barafu ni mtaji. Minofu ikapanda ndege kwenda Ulaya na uswahilini tukabaki na mapanki, yaani vichwa na mifupa. Nyumba ya mzee ni halali yake kabisa. Ninachosema ni kwamba aliyemwaga sangara ziwani hakuwauliza waliokuwa wanaishi kwa furu.

---

Mzawa wa Sengerema

Mapanki hapo umenigusa mkuu. Nakubali nusu.

---

Shangazi Mkavu

Mimi naona mnawaonea wanyama. Paka kisiwani hakupanda meli kwa nauli yake. Mnamwita mvamizi, mnamtegea sumu. Hao ni viumbe wa Mungu pia.

---

Mwambao Huru

Shangazi, shikamoo. Hapo tuko pamoja kuliko unavyodhani, na ndiyo sababu hasa ya kuanzisha uzi huu. Mnyama hana kosa. Tena ngoja nikupe mifano ya wanyama wa KWETU ambao huko wanakoitwa wavamizi, sisi tunawaona wapole.

Konokono mkubwa wa bustanini, yule anayetoka mvua za masika zikianza. Kwao ni pwani ya Afrika Mashariki, hapa hapa. Hapa anaishi na maadui zake wa siku zote, hakuna anayemwogopa. Watu walimbeba mpaka Mauritius, 1847 akafika India, akaendelea mashariki hadi visiwa vya Pasifiki. Kule alikula mashamba mpaka watu wakachanganyikiwa. Mwaka 1966 kijana mmoja alirudi Miami kutoka Hawaii na konokono 3, baadaye wakaachiwa bustanini. Kabla ya kumalizwa walishakusanywa zaidi ya 18,000, na serikali ilishatumia dola zaidi ya milioni moja.

Lakini msiba wenyewe ulikuwa Tahiti na Moorea. Konokono wetu alifika Tahiti 1967. Serikali ikaleta konokono mwingine kutoka Florida, mla konokono wenzake, eti amle huyu wa kwetu. Tahiti walimfungua 1974, Moorea 1977. Yule mla nyama akaangalia konokono wetu mkubwa mwenye gamba gumu, akaangalia na wale wadogo wa asili wa kule wanaoitwa Partula, wanaozaa polepole na kuishi juu ya majani. Akachagua wepesi. Kufika 1987 aina zote 7 za Partula wa Moorea zilikuwa zimekwisha porini. Wa kwetu bado yupo.

Partula hawakupotea kabisa kwa sababu watafiti walikuwa wamebeba wachache kwenye masanduku, wakazalishwa kwenye bustani za wanyama, London ikiwemo. Kuanzia 2015 wanarudishwa kwao, na 2024 aina moja ilitolewa rasmi kwenye orodha ya waliotoweka porini kwa sababu sasa inazaliana yenyewe msituni. Miongo mitatu na zaidi ya kulisha konokono ndani ya boksi la plastiki. Mimi ningekata tamaa mapema.

---

Kibopa wa Tandale

Kwa hiyo Tanzania tumesafirisha konokono wa kuharibu nchi za watu na hatukulipwa hata shilingi 😂

---

Mtoto wa Kihonda

Ongezeni panya buku. Wale wanaofundishwa pale chuo kikuu cha SUA, Morogoro, kunusa mabomu ya ardhini na kifua kikuu, ndugu zao wako Florida kwenye visiwa vya kusini. Walitoroka kwa mfugaji aliyekuwa anawauza kama wanyama wa kuchezea, sasa wanawindwa miaka na miaka. Hapa panya buku ni shujaa mwenye medali, kule anatafutwa na serikali.

---

Mwambao Huru

Asante, huyo nilikuwa namtunza. Na bundi je? Mwaka 1949 Ushelisheli walileta bundi kutoka Afrika wawamalizie panya. Bundi akagundua kuwa ndege weupe wa baharini wanaolala wazi juu ya matawi ni rahisi kuliko panya anayejificha. Mwisho wakaweka zawadi kwa kila kichwa cha bundi.

Hawaii 1883 walileta nguchiro kwenye mashamba ya miwa awale panya. Nguchiro anatembea mchana, panya usiku. Walikuwa wanakutana kwa nadra! Aliyekutana na nguchiro ni bata bukini wa Hawaii anayetaga chini.

Angalieni mfuatano huu: kunguru aliletwa ale taka, bundi ale panya, nguchiro ale panya, konokono ale konokono. Kila mmoja alikuja na barua ya ajira. Hawa ndio wanaonikera kuliko panya aliyejificha kwenye gunia, kwa sababu hapa kuna mtu alikaa ofisini, akafikiri, akasaini.

---

Mpemba wa Ilala

Assalaam alaykum. Mimi naomba ufafanuzi. Wale kobe wa kisiwa cha Changuu pale Unguja walitoka Ushelisheli, walikuja zawadi mwaka 1919. Nao ni wavamizi? Na wale sokwe wa kisiwa cha Rubondo, Ziwa Victoria?

---

Mwambao Huru

Waalaykum salaam. Swali zuri. Mgeni na mvamizi ni watu wawili. Kobe wa Changuu ni mgeni, yupo zaidi ya miaka mia, anakula majani aliyopewa, anapigwa picha, hajamaliza kiumbe yeyote. Tatizo lake kubwa limekuwa kuibiwa. Mvamizi ni yule anayezaliana, kusambaa na kuharibu.

Rubondo ni kesi ngumu zaidi. Sokwe waliachiwa kati ya 1966 na 1969, wakitoka kwenye bustani za wanyama za Ulaya, na wakajifunza upya kuishi porini. Wapo mpaka leo. Waliletwa twiga na tembo pia. Nia ilikuwa njema, kisiwa kiwe mahali salama. Binafsi nafurahi wapo, ila leo mtu akileta pendekezo kama lile nitataka kwanza aniambie wanakula nini na nani alikuwa anakula hicho kabla yao.

Na kabla hamjaniita adui wa kuhamisha wanyama: paa nunga wa Unguja walipelekwa Chumbe ili wapone huko. Ni kisiwa jirani, na panya wa Chumbe walishamalizwa 1997.

---

Shangazi Mkavu

Marahaba mwanangu. Haya, mnyama hana kosa. Sasa mbona bado mnamuua?

---

Mwambao Huru

Kwa sababu tukimwacha, mwingine anakufa, tena vibaya. Kisiwa cha Gough kule Atlantiki kusini kina panya wale wadogo wa ndani, walioachwa na wawinda sili zamani. Kwa kukosa chakula wakajifunza kula makinda ya albatrosi, ndege wakubwa wa baharini. Kinda ni kubwa kuliko panya mara mia kadhaa, lakini linakaa kwenye kiota bila kujitetea, panya wanalitafuna likiwa hai usiku baada ya usiku. Sitaeleza zaidi, watu wanakula.

Mwaka 2021 walimwaga sumu kwa helikopta kisiwa kizima. Desemba mwaka huo huo panya akaonekana kwenye kamera. Fedha zote zile, akabaki panya. Kazi hii haina asilimia 99, ukibakiza dume na jike umebakiza wote.

Georgia Kusini walifanikiwa, kisiwa kikubwa chenye barafu, 2018 kikatangazwa hakina panya. Kwenye kisiwa cha Macquarie nako walifanikiwa ila walianza vibaya: walimaliza paka kwanza, mwaka 2000, na sungura wakapata nafasi wakala majani mpaka vilima vikaporomoka. Ikabidi warudi kumaliza sungura, panya wakubwa na panya wadogo kwa mpigo, wakafaulu 2014. Kwa hiyo hata kuua kuna mpangilio wake.

---

Bahari Haina Mlango

Huku kwetu ndio kunanichosha. Zanzibar miaka ya 1990 walipambana na kunguru wakapungua mno. Mradi ukaisha, kunguru wakarudi. Dar tukawekewa mitego ya waya na sumu, wakapungua, mradi ukaisha, haya tuko hapa. Kenya nao 2024 walitangaza kuondoa kunguru milioni moja. Kunguru anasoma bajeti kuliko sisi.

---

Mwambao Huru

Umemaliza kila kitu. Mradi wa miaka mitatu dhidi ya ndege ambaye hana mpango wa kuondoka. Wahenga walishasema kunguru hafugiki. Na kunguru ana akili: mtego ukikamata wachache, wengine wanakaa juu ya mnazi wanakuangalia. Kinachohitajika ni idara yenye fungu la kila mwaka, na soko la samaki linalofunika utumbo na vichwa kabla ya jua kupanda. Hii ya pili haihitaji mfadhili.

---

Dogo wa Kunduchi

Wakuu mimi nafanya kazi za boti, tunapeleka watu kisiwa cha Mbudya. Kuna jamaa ana banda la chakula anasumbuliwa na panya, anataka tumpelekee paka wawili. Nilikuwa nakwenda kubeba kesho. Nifanyeje?

---

Mwambao Huru

Usibebe. Hata ukibeba paka wawili wa kike, hujui kama tayari wana mimba. Paka atakula panya wachache, kisha atahamia kwa mijusi na ndege. Mbudya na Bongoyo ni hifadhi ya bahari tangu 1975, watu wa hifadhi wapo, jamaa awaambie wao kuhusu panya.

Kwa leo: unga na mchele viingie kwenye ndoo yenye mfuniko, mifupa ya samaki irudi Kunduchi na boti ya jioni, asitupe nyuma ya banda. Atumie mitego ya kubana, chambo iwe nazi ya kuchoma, ila aiweke ndani ya boksi lenye tundu dogo ndege wasinaswe. Na wewe kagua magunia kabla ya kupakia, hasa yaliyolala ghalani usiku. Panya wengi wa visiwani waliingia hivyo hivyo, kwenye mzigo wa mtu aliyekuwa na haraka.

---

Dogo wa Kunduchi

Sawa kaka. Ila mifupa kurudi na boti abiria watalalamika harufu.

---

Shangazi Mkavu

Wekeni kwenye ndoo ya rangi yenye mfuniko, mwageni majivu juu. Mimi nimeuza samaki Feri miaka, harufu haitoki.

---

Dogo wa Kunduchi

Ahsante shangazi. Majivu tunayo, tunachoma samaki pale pale. Paka nimewarudisha kwa mwenyewe.